Lafudhi na Heshima: Charles Bukeko na Kiswahili cha Magharibi ya Kenya Katika Televisheni

Utangulizi

Historia ya Kiswahili nchini Kenya kwa kawaida huandikwa kwa kufuata vitabu, shule na kamati. Humo hutajwa wamishenari waliotunga kamusi, Kamati ya Lugha iliyoundwa mwaka 1930 kwa ajili ya nchi za Afrika Mashariki, watunzi wa tamthilia na riwaya, na sera za elimu zilizofuatana tangu uhuru. Mtayarishaji wa vipindi vya televisheni hatajwi sana, ijapokuwa yeye ndiye anayeamua kila wiki ni Kiswahili kipi kisikike katika nyumba za watu, kisemwe na nani, na katika hali gani ya maisha. Uamuzi huo hauandikwi katika waraka wowote. Lakini taathira yake huenea mbali kuliko nyaraka nyingi.

Makala haya yanaichunguza kazi ya mmoja wa watayarishaji hao, marehemu Charles Bukeko, mwenyeji wa Samia katika Kaunti ya Busia. Bukeko alikuwa mbunifu, mtayarishaji na mwigizaji mkuu wa kipindi cha Papa Shirandula, kilichoanza kuonyeshwa na kituo cha Citizen mwaka 2007. Kazi hiyo inatazamwa hapa kutoka katika miji miwili, yaani Bungoma na Kitale. Miji hiyo imechaguliwa kwa sababu inawakilisha njia mbili ambazo Kiswahili kilipitia kuingia magharibi ya Kenya, na kwa sababu sauti za Kiswahili cha huko ndizo zilizotumiwa kwa wingi katika vichekesho vya televisheni.

Hoja ya makala ni hii: kwa muda mrefu televisheni ya Kenya iliipa lafudhi ya magharibi kazi moja tu, nayo ni kuchekesha. Bukeko hakuiondoa kazi hiyo. Alichofanya ni kuitwika lafudhi hiyo hiyo mzigo wa aibu, hofu, upendo na ubaba, na kwa kufanya hivyo akaweka wazi swali ambalo wataalamu wa lugha hawajalijibu bado, kwamba mtu wa Bungoma asemapo Kiswahili chake, je, asikiwe kama mtu aliyekosea, au kama mtu anayesema?

Kiswahili Kilivyofika Bungoma na Kitale

Kiswahili kilifika magharibi ya Kenya kabla ya Waingereza kuitawala. Katika nusu ya pili ya karne ya 19 misafara ya wafanyabiashara kutoka pwani ilikuwa ikituama Mumias, makao ya watawala wa Wanga, na Joseph Thomson alipopita huko mwaka 1883 aliikuta njia hiyo imekwisha kuzoewa. Kwa hiyo lugha ilitangulia na bidhaa, bunduki na dini ya Kiislamu. Kwa Wabukusu waliokaa kaskazini ya Mumias, watu wa misafara hawakuwa wageni wa heri daima. Na mwaka 1895, vita vya Lumboka na Chetambe vilipowavunja nguvu Wabukusu mbele ya jeshi la Waingereza na wasaidizi wao, Kiswahili kilisikika upande wa washindi. Basi katika eneo la Bungoma lugha hii iliingia kwanza kama lugha ya biashara na amri, siyo lugha ya nyumbani.

Kitale ilikuwa na mkondo mwingine. Trans Nzoia iligawiwa walowezi wa Kizungu, ambao idadi yao iliongezeka baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, na tawi la reli likafika Kitale mwaka 1926. Mashamba ya mahindi yalihitaji vibarua, nao walitoka kila upande: Wabukusu, Wasabaoti, Wapokoti, Waturkana, Wateso na wengineo. Kati ya mlowezi na kibarua kilitumika Kiswahili cha vitenzi vichache na amri nyingi, kile kilichoitwa Kisetla. Lakini kati ya kibarua na kibarua mwenziwe kilikua Kiswahili kingine, kisicho na jina rasmi, kilichotumika kukopeshana unga, kuposa, kuzika na kusuluhisha ugomvi. Kisetla kilikufa pamoja na mashamba makubwa ya walowezi. Kiswahili hiki cha pili kilibaki, na baada ya uhuru kikaenea pamoja na mipango ya kuwagawia Waafrika ardhi.

Hata harakati za kuupinga ukoloni zilionyesha mchanganyiko huo. Dini ya Msambwa, iliyoongozwa na Elijah Masinde na ambayo wafuasi wake walipigwa risasi Malakisi mwezi wa Februari 1948, ilikuwa na jina lenye neno la Kiswahili mbele na neno la Kibukusu nyuma. Wafuasi wake walikuwa Bungoma na pia katika mashamba ya Trans Nzoia. Jina hilo ni ushahidi kwamba kufikia wakati huo Kiswahili kilikuwa kimekwisha kuwa chombo ambacho watu wa huko waliweza kukigeuza kifae haja zao wenyewe.

Shule zilikuja na Kiswahili cha tatu. Madarasa ya awali yalitumia lugha za kienyeji, na juu yake Kiingereza kikapewa cheo. Kiswahili sanifu hakikuwa na nguvu kubwa darasani mpaka mfumo wa elimu wa 8-4-4 ulipoanzishwa mwaka 1985 na kukifanya kiwe somo la lazima lenye kutahiniwa. Tangu hapo mtoto wa Bungoma alikuwa na Kiswahili cha aina mbili: cha sokoni, ambacho wazazi wake walikitumia bila woga, na cha mtihani, ambacho mwalimu alikisahihisha kwa kalamu nyekundu.

Televisheni Kabla ya Mwaka 2007

Televisheni ilianza nchini Kenya mwaka 1962, chini ya shirika la utangazaji lililotaifishwa mwaka 1964 na kupewa jina la Sauti ya Kenya. Miaka ya mwanzo vipindi vingi vilikuwa vya kigeni, na michezo ya Kiswahili ilikuwa michache. Waliofanya kazi humo walikuwa watumishi wa serikali, na mtayarishaji alijiona kwanza kama ofisa, kisha kama msanii.

Katika mazingira hayo tukio kubwa lilikuwa Tushauriane, tamthilia ya mfululizo iliyotayarishwa na Greg Adambo na kuonyeshwa mwaka 1987. Tamthilia hiyo ilikusudiwa kuwafanya watu wafikiri juu ya uzazi wa mpango, na ilifuata utaratibu wa kuchanganya mafunzo na burudani uliobuniwa nchini Meksiko na Miguel Sabido. Upande wa redio ulikuwa na Ushikwapo Shikamana, uliosimamiwa na Tom Kazungu. Kwa mtazamo wa lugha, umuhimu wa kazi hizi ni kwamba zilikipa Kiswahili mambo mazito ya ndoa, uzazi na urithi, mbele ya watazamaji wa makabila yote. Zilithibitisha kwamba mtazamaji wa Kenya yu tayari kufuata kisa kirefu cha Kiswahili bila kuchekeshwa kila dakika.

Lakini kilichodumu zaidi ni vichekesho: Vioja Mahakamani na Vitimbi. Katika Vitimbi, Mama Kayai, aliyeigizwa na Mary Khavere, na Mzee Ojwang, aliyeigizwa na Benson Wanjau, waliingia katika nyumba za watu kwa miaka mingi. Mfano wa Wanjau unafaa kuangaliwa kwa makini. Mzee Ojwang alisema Kiswahili chenye sauti za Kijaluo, na watazamaji wengi waliamini kuwa mwigizaji alikuwa Mjaluo. Kumbe Wanjau, aliyefariki mwezi wa Julai 2015, alikuwa Mkikuyu. Lafudhi yake ilikuwa kazi ya ufundi, iliyojengwa kwa kuchagua sauti chache zinazotambulika upesi, kwa mfano kusema s mahali pa sh.

Hapo ndipo panapoonekana kanuni ya vichekesho vya televisheni. Lafudhi ya jukwaani hailingani na lafudhi ya kijiji chochote. Ni mkusanyo wa alama, nao hutumika kumwambia mtazamaji, kabla hajasikia maneno yenyewe, kwamba huyu ni mtu wa namna fulani na kwamba inaruhusiwa kumcheka.

Papa Shirandula

Bukeko alitoka katika jukwaa la maigizo, na alipoanza Papa Shirandula aliirithi kanuni hiyo. Kisa chenyewe ni chepesi kueleza. Shirandula ni bawabu wa kampuni jijini Nairobi, lakini mkewe Wilbroda, aliyeigizwa na Jacky Nyaminde, anaamini kwamba mumewe ni mtu wa ofisini. Kila asubuhi Shirandula hutoka nyumbani kwa suti, na kazini huvaa sare ya ulinzi. Waliomzunguka ni pamoja na Awinja mtumishi wa nyumbani (Jacky Vike), Otoyo (Kazungu Matano), Njoroge (Kenneth Gichoya) na Jalang'o (Felix Odiwuor), kila mmoja na lafudhi yake.

Hila ya kisa hiki ni kwamba uongo wa Shirandula ni uongo wa mavazi na cheo, wala hauwezi kamwe kuwa uongo wa lugha. Suti huvaliwa na kuvuliwa, lafudhi haivuliki. Mwanamume huyu anaweza kumdanganya mkewe juu ya mshahara, lakini kila afunguapo kinywa mtazamaji anajua anakotoka. Hapo kicheko kinakuwa na uchungu ndani yake, kwa kuwa maelfu ya wanaume waliotoka Bungoma, Busia, Kakamega na Trans Nzoia kwenda mijini walifanya kazi hiyo hiyo ya ulinzi na utumishi, na si wote waliopenda nyumbani kujulikane.

Katika vichekesho vya awali mtu mwenye lafudhi nzito mara nyingi alikuwa pembeni: mshitakiwa, jirani, mgeni kutoka mashambani. Bukeko alimweka katikati. Shirandula ndiye anayepanga, anayeogopa, anayejuta na anayependa, na watu wengine huingia katika kisa kwa kupitia kwake. Msikilizaji analazimika kukaa na sauti yake muda wa kutosha hata ikaacha kuwa ajabu. Aidha, bawabu huyu akisemezana na mkubwa wake, au na mkewe, au na mabawabu wenziwe, namna yake ya kusema hubadilika. Na mabadiliko hayo ndiyo yanayoeleza nani ana mamlaka juu ya nani. Kwa mwanafunzi wa isimu-jamii kipindi hiki ni hazina.

Sauti Zenyewe

Yafaa sasa kuzitazama sauti hizo kwa utaratibu, kwa kuwa ndizo zinazodhihakiwa. Katika Kibukusu, lugha ya wenyeji wengi wa Bungoma na wa sehemu kubwa ya Trans Nzoia, vipasuo ghuna havisimami peke yake. Hutokea tu baada ya nazali. Mbukusu anaposema Kiswahili kwa kufuata kanuni za lugha yake, gari huwa kari na dada huwa tata. Lakini msemaji huyo huyo hana taabu na mb ya mbuzi wala na nd ya ndugu. Neno ndugu kinywani mwake laweza kuwa nduku: ghuna ya kwanza inabaki kwa sababu ina nazali mbele yake, na ya pili inageuka kwa sababu haina. Neno mbuzi laweza kuwa mbusi, na katika Kibukusu mnyama huyo huitwa embusi.

Maana yake ni kwamba kinachochekwa kama ulimi mzito ni kanuni, tena kanuni inayofuatwa kwa uangalifu kuliko wengi wanavyofuata sarufi waliyofundishwa shuleni. Mwalimu anayeijua kanuni hiyo atajua kosa litatokea wapi na halitatokea wapi, na ataweza kulirekebisha bila kumfedhehesha mtoto.

Tena lafudhi ya Kiluhya ya televisheni haipatikani mahali popote kwa ukamilifu. Kugeuza g kuwa k kunawafaa Wabukusu, lakini Waragoli wana g, d, v na z katika lugha yao, na hawana sababu ya kuzikosa katika Kiswahili. Vivyo hivyo sh ya mwanzo wa jina Shirandula inaelekeza masikio Kakamega, kwenye majina ya mahali kama Shinyalu, wakati Bungoma na Trans Nzoia hupatikana si-, kama katika Sirisia na Sikhendu. Katika miaka ya 1940 kamati ya lugha ya Kiluhya ilijaribu kuziunganisha lahaja hizi katika maandishi ya namna moja, lakini Wabukusu na Waragoli waliendelea kushika zao. Jambo ambalo kamati haikuliweza lilifanywa na vichekesho: viliunda Kiluhya kimoja, ila kwa ajili ya kuchekwa.

Neno la kwanza la jina la kipindi linastahili maelezo ya peke yake. Masikioni mwa mtu wa Nairobi au wa pwani, Papa linaweza kusikika kama baba lililotamkwa vibaya. Lakini Bungoma papa ndilo neno halisi la kumwita baba, na ni neno la heshima. Hivyo jina lile lile lilipokewa kwa namna mbili. Huko lilisikika kosa; huku likasikika jina ambalo mtoto humwitia mzazi wake. Katika kicheko kimoja zilikutana lugha mbili, na mmoja tu kati ya wachekaji alijua kwamba hakuna kosa lililotendeka.

Pingamizi na Wakati

Kuna pingamizi mbili dhidi ya vipindi vya namna hii. Ya kwanza ni ya mwalimu: kwamba vinaharibu Kiswahili cha wanafunzi. Pingamizi hii ina ukweli mdogo. Mtoto hapati lafudhi yake kwa televisheni. Huipata kwa mama yake na kwa majirani. Ya pili ni nzito zaidi, nayo ni kwamba vinawadhalilisha watu wa magharibi kwa kuwaonyesha daima kama mabawabu na watumishi wa nyumbani. Pingamizi hii haiwezi kupuuzwa. Awinja alipendwa kote nchini, lakini alipendwa akiwa mtumishi. Bukeko aliitukuza sauti, lakini hakuitoa katika tabaka ambalo televisheni ilikuwa imeifungia.

Walakini haki inadai kipindi kipimwe pamoja na wakati wake. Papa Shirandula kilianza mwaka 2007. Mnamo miaka ya 2006 hadi 2008 Mlima Elgon, ulio kati ya Bungoma na Trans Nzoia, ulikuwa na mapigano juu ya ardhi. Kisha uchaguzi wa Desemba 2007 ukafuatwa na mauaji na kufukuzana kwa misingi ya kikabila, na Kitale ikawa mojawapo ya miji iliyopokea watu waliokimbia makwao. Katika siku kama hizo lafudhi si jambo la mzaha: ndiyo alama ya haraka ya kumtambulisha mtu kabla hajaulizwa jina. Katika televisheni, Shirandula, Njoroge na Jalang'o waliendelea kutaniana, kila mtu kwa sauti yake, na hapana aliyetakiwa kuificha. Kipindi cha vichekesho hakiwezi kuleta amani, wala haifai kudai hivyo. Lakini kilihifadhi mahali ambapo lafudhi ya jirani ilisikika bila kuogopwa.

Baada ya Bukeko

Charles Bukeko alifariki Nairobi tarehe 18 Julai 2020, baada ya kuugua ugonjwa wa korona, akazikwa Samia siku mbili baadaye. Mwaka mmoja kabla ya kifo chake kituo hicho hicho kilikuwa kimeanza kuonyesha Maria, tamthilia ya mfululizo kutoka kwa watayarishaji Rashid Abdalla na Lulu Hassan, nayo ikafuatwa na Zora mwaka 2021 na Sultana mwaka 2022. Tamthilia hizi za mapenzi na misiba ya jamaa zilipendwa sana, na ziliileta ladha ya Kiswahili cha pwani katika nyumba za bara kwa kiasi kisichopata kutokea kabla yake. Mafanikio hayo ni ya kufurahiwa na kila mpenzi wa lugha.

Lakini yameufanya mgawanyo wa kazi uonekane wazi. Mapenzi, usaliti na majonzi yamepewa Kiswahili cha pwani au kilicho karibu na usanifu. Kicheko kimeachiwa Kiswahili cha bara. Mtoto wa Bungoma anayetazama vipindi hivi hujifunza, bila kuambiwa na mtu, kwamba kuna sauti ya kulia na sauti ya kuchekesha, na kwamba sauti ya nyumbani kwao ni hiyo ya pili. Vituo vya redio vinavyotangaza kwa lugha za kienyeji, kama Sulwe FM cha Kibukusu, vimemrudishia lugha ya mama yake. Lakini havikumrudishia Kiswahili chake.

Hitimisho

Imeonyeshwa kwamba Kiswahili cha Bungoma na Kitale kina historia ndefu ya misafara, mashamba, dini na shule, na kwamba sauti zake zinafuata kanuni zinazoelezeka. Imeonyeshwa pia kwamba televisheni ilizikusanya sauti hizo, ikazichanganya na za jirani, ikatengeneza lafudhi moja ya kuchekesha. Charles Bukeko aliikuta lafudhi hiyo pembeni mwa mchezo, akaipeleka katikati, akaonyesha kwamba inaweza kubeba maisha mazima ya mtu: uongo wake, woga wake na mapenzi yake kwa jamaa zake.

Hatua iliyobaki ni ya watayarishaji wajao na wataalamu wa lugha kwa pamoja. Anatakiwa hakimu, daktari au mpenzi atakayesema kwa sauti za Bungoma katika tamthilia isiyo ya kuchekesha, na mtazamaji asigeuke kutafuta mzaha uko wapi. Siku hiyo neno papa litasikika kote nchini kama linavyosikika Bungoma, yaani kama jina la baba.